Kwa nini Jaikant alimhamisha Singham badala ya kumfukuzisha kazi?

Swali: Mwalimu, shikamoo. Juma lililopita nilitazama kwa mara ya pili filamu ya Singham, ile iliyotafsiriwa kwa Kiswahili, na mimi na wenzangu tukashindwa kuafikiana juu ya mambo mawili. Kwanza, Jaikant ana fedha na mawaziri wako mfukoni mwake. Kwa nini basi anamhamisha yule afande badala ya kumfukuzisha kazi kabisa? Pili, mwishoni polisi wanamuua mtu ndani ya kituo na hakuna anayeulizwa. Je, huko India mambo huwa hivyo kweli, au ni chumvi ya sinema? Msomaji, Tanga.

Jibu: Marahaba, ndugu yangu. Umenipa nafuu, maana wengi wanaoniuliza kuhusu filamu hii hutaka kujua magari yale yanapaishwaje, nawe umeuliza kuhusu barua ya uhamisho, ambayo kwa maoni yangu ndiyo silaha kubwa kuliko zote zinazoonekana humo ndani.

Niwakumbushe kwanza wale ambao hawajaitazama, au walioitazama wakiwa wamesimama mlangoni mwa kibanda umiza huku sauti ya mtafsiri ikifunika nusu ya maneno. Singham iliongozwa na Rohit Shetty na ikatoka mwezi wa Julai 2011. Ni marudio ya filamu ya Kitamil, Singam, iliyotoka mwaka mmoja kabla, ambamo Suriya alikuwa afande na Prakash Raj akawa adui. Prakash Raj huyohuyo akachukuliwa kuwa adui wa toleo la Kihindi, kwa kuwa, nadhani, hakuna aliyeona sababu ya kutafuta mwingine. Ajay Devgn ni Inspekta Bajirao Singham, mkuu wa polisi katika mji mdogo wa Shivgarh karibu na mpaka wa Maharashtra na Goa. Jaikant Shikre ni bwana mkubwa wa Goa anayeishi kwa kuteka watu na kutoza fedha za vitisho. Kabla wawili hao hawajakutana, filamu inatuonyesha Inspekta Rakesh Kadam, askari safi aliyebambikiwa tuhuma za rushwa, akijipiga risasi kwa aibu, na mjane wake akibaki kuhangaika huku na huko kulisafisha jina la marehemu.

Ukitazama vizuri utaona kwamba ugomvi wa Singham na Jaikant haukuanzia kwenye ngumi wala bastola, bali kwenye sahihi. Jaikant amepewa dhamana katika kesi ya mauaji, na sharti la dhamana hiyo ni kwamba afike kituo cha Shivgarh kutia sahihi. Kwa mtu wa hadhi yake hiyo ni kazi ya kutuma kijana, na kweli anatuma mtu. Singham anakataa: aliyepewa dhamana ndiye anayesaini, basi. Yeyote aliyewahi kumdhamini ndugu yake anaijua safari ile ya kwenda kuripoti, benchi la kusubiria, kalamu iliyofungwa kwa uzi, na askari anayekuuliza jina ambalo tayari ameliandika. Ni jambo dogo, lakini ni jambo ambalo mtu wa kawaida hulifanya kwa miguu yake mwenyewe. Jaikant analazimika kuja, anakuta mji mzima uko nyuma ya afande wake, anasaini na kuondoka. Hakupigwa wala hakufungwa. Aliambiwa tu aje mwenyewe, na hilo halikumezeka.

Sasa tuje kwenye swali lako la kwanza. Kumfukuza kazi afisa wa polisi nchini India ni jambo gumu kisheria, hata kwa mwenye mawaziri mfukoni. Ibara ya 311 ya Katiba ya nchi hiyo inakataza mtumishi wa umma kufukuzwa na mamlaka iliyo chini ya ile iliyomwajiri, na inataka, isipokuwa katika hali chache zilizotajwa, kwamba kabla ya kufukuzwa au kushushwa cheo afanyiwe uchunguzi, aelezwe tuhuma zake na apewe nafasi ya kujitetea. Maana yake ni kwamba anayetaka kumfukuza lazima afungue jalada, na jalada lina tabia mbaya ya kutaka kujazwa: mashahidi, tarehe, risiti, saini. Dhidi ya mtu asiyekula rushwa jalada hilo hubaki tupu, isipokuwa ukimbambikia, kama alivyofanyiwa marehemu Kadam. Tena jalada lililofunguliwa laweza kusomwa na hakimu siku moja, jambo ambalo watu kama Jaikant hawalipendi hata kidogo.

Uhamisho hauna shida hizo. Mahakama za India zimeshikilia kwa miaka mingi kwamba kuhamishwa ni sehemu ya kawaida ya utumishi na si adhabu, kwa hiyo hakuhitaji tuhuma, hakuhitaji uchunguzi, na karatasi yake ni ya ukurasa mmoja. Polisi, kwa mujibu wa orodha za madaraka katika Katiba, ni jambo la serikali za majimbo na si la serikali kuu, kwa hiyo anayetia sahihi ukurasa huo yuko katika makao makuu ya jimbo, karibu na wanasiasa wale wale ambao ndugu, wafadhili na wapambe wao ndio waliokamatwa na afisa husika. Ukurasa huo mmoja unamwondoa mtoto shuleni katikati ya muhula na unairudisha serikalini nyumba ya kuishi. Zaidi ya yote, unaziacha kesi zote alizokuwa akizichunguza mikononi mwa mrithi wake, ambaye kwa kuona tu yaliyomkuta mtangulizi wake ameshaelewa anachotakiwa kutokufanya. Mashahidi nao wanaelewa. Hakuna aliyetishwa kwa maneno, na kesi imekufa.

Jambo hili halikubuniwa na waandishi wa sinema. Kiran Bedi, aliyeingia katika utumishi wa polisi wa ngazi ya juu mwaka 1972 akiwa mwanamke wa kwanza kufanya hivyo, alikuwa na dhamana ya usalama barabarani mjini Delhi pale askari wa kikosi chake walipolivuta kwa kreni gari la ofisi ya Waziri Mkuu Indira Gandhi lililokuwa limeegeshwa vibaya. Hiyo ilikuwa mwaka 1982. Mwaka uliofuata akahamishiwa Goa, na watu wakaunganisha mambo hayo mawili. Ndiyo Goa ile ile ambako filamu inampeleka Singham. Mwezi wa Julai 2017, katika jimbo la Karnataka, afisa mwandamizi wa magereza D. Roopa aliandika ripoti akidai kwamba mwanasiasa mmoja mashuhuri aliyefungwa alikuwa akipewa upendeleo gerezani, na kabla wiki haijapita vizuri alikuwa amehamishwa. Nje ya polisi yupo Ashok Khemka wa Haryana, mtumishi wa serikali ambaye hadi anastaafu mwaka 2025 alikuwa amehamishwa zaidi ya mara 50. Ukizigawa hizo kwa miaka ya utumishi wake, utaona kwamba hakuwa akikaa hata mwaka mmoja kamili katika kiti kimoja.

Ila waandishi wa Singham wameongeza ujanja mmoja ambao ningependa muuzungumze mkikutana tena. Kwa kawaida afisa msumbufu hupelekwa mbali na mkubwa aliyemuudhi. Jaikant anafanya kinyume: anamvuta Singham karibu naye, Colva, huko Goa, kwenye eneo lake. Waswahili tunasema mcheza kwao hutunzwa, na Singham wa Shivgarh ni mcheza kwao hasa, kwani baba yake, majirani zake na wakulima aliokua nao ndio waliosimama nyuma yake siku ile ya sahihi. Colva hana mtu. Mkuu wake wa kazi ni mtu wa Jaikant, na hata konstebo anayempigia saluti asubuhi hajui kama jioni atapeleka habari wapi. Sehemu hiyo ya katikati, ambamo afande ana sare, ana cheo na hana nguvu, ndiyo ninayoiona kuwa ya kweli kuliko zote katika filamu nzima. Kwa bahati mbaya ndiyo pia ambayo watazamaji wengi huitumia kwenda kununua karanga.

Mahakama Kuu Kabisa ya India ilikwishalitambua tatizo hilo miaka mitano kabla ya filamu kutoka. Prakash Singh, mkuu wa polisi mstaafu wa Uttar Pradesh, alifungua shauri mwaka 1996, na hukumu ikatoka mwezi wa Septemba 2006 ikiyataka majimbo, pamoja na mambo mengine, yawahakikishie wakuu wa polisi, makamanda wa wilaya na wakuu wa vituo angalau miaka miwili katika nafasi zao, na kuunda bodi za polisi zenyewe za kuamua uhamisho wa maafisa wa ngazi za chini ili waziri asiwe ndiye anayeshika kalamu. Utekelezaji umekuwa wa kusuasua. Baadhi ya majimbo yametunga sheria zinazofanana na hukumu hiyo kwa juu juu tu, huku kila kifungu kikiwa kimeachiwa mwanya.

Kabla sijaingia kwenye swali la pili, neno moja kuhusu wakati. Filamu ilitoka Julai 2011, kati ya mfungo wa kwanza wa mzee Anna Hazare uliofanyika Delhi mwezi wa Aprili na ule wa pili wa mwezi wa Agosti, alipokuwa akidai iundwe taasisi huru ya kuchunguza rushwa za viongozi, na maelfu ya watu wakajaa viwanjani pamoja naye. Mtazamaji aliyelipa tiketi mwezi ule aliingia ukumbini akiwa na hasira iliyokwisha kuchemka. Ndivyo ilivyokuwa pia kwa Zanjeer mwaka 1973, filamu ya Prakash Mehra iliyomfanya Amitabh Bachchan kuwa Amitabh Bachchan, na ambayo wazee wa pwani yetu wanaikumbuka hadi leo. Humo Inspekta Vijay naye anabambikiwa kesi ya rushwa, anafungwa miezi sita, na anatoka jela akiwa hana sare. Mkumbuke kiti. Sher Khan, bwana wa kamari anayeigizwa na Pran, anaingia kituoni na kutaka kukaa, na Vijay anakipiga teke kile kiti kabla hajakikalia, akimwambia kwamba hapa ni kituo cha polisi, si nyumbani kwa baba yake. Teke lile lilikuwa na maana moja tu: kuna mahali ambapo mwenye nguvu hakai mpaka aambiwe akae.

Katika Singham pia kipo kiti, na hapo ndipo lilipo jibu la swali lako la pili. Jaikant, baada ya kushinda uchaguzi na kuwa karibu kabisa kuukwaa uwaziri, anakamatwa na polisi walioungana usiku mmoja, anapelekwa kituoni na kupigwa risasi akiwa ameketishwa katika kiti kile kile alichofia Kadam. Kituo ambacho Vijay alikilinda kwa teke kimegeuzwa mahali pa kuulia, na ukumbi unapiga makofi.

Uliuliza kama mambo huwa hivyo kweli. Kuua huko kupo, ndugu yangu, na polisi wa India wana jina lake la upole: hukuita makabiliano, kana kwamba pande zote mbili zilikuwa na bunduki. Alfajiri ya tarehe 6 Desemba 2019, karibu na Hyderabad, polisi waliwaua watuhumiwa wanne wa kesi ya kubakwa na kuuawa kwa daktari wa mifugo, wakaeleza kwamba watuhumiwa walinyang'anya silaha walipopelekwa eneo la tukio. Watu walifika pale na kuwamwagia askari maua. Tume iliyoundwa na Mahakama Kuu Kabisa na kuongozwa na jaji mstaafu Sirpurkar iliyachunguza yale maelezo, na ripoti yake iliyowekwa wazi mwaka 2022 ikasema hayaaminiki, ikapendekeza polisi 10 washtakiwe kwa mauaji.

Kwa hiyo si kweli kwamba sheria haiulizi. Tangu mwaka 2014 Mahakama hiyo imeagiza kwamba kila kifo cha namna hii kiandikishwe, kichunguzwe na kikosi kisichokuwa kile kilichoua, na kifanyiwe uchunguzi wa kihakimu. Mwaka 2013 mahakama ya Mumbai iliwahukumu kifungo cha maisha watu 21, wakiwemo polisi 13, kwa kumuua mtu mmoja mwaka 2006 na kuyaita mauaji hayo makabiliano. Miaka 7 kutoka tendo hadi hukumu, lakini hukumu ilitoka. Jaji Gautam Patel wa Mahakama Kuu ya Bombay, akizungumza mwaka 2023 mbele ya wakfu mmoja wa masuala ya polisi, aliitaja Singham kwa jina na kuuliza kama kweli haki imetendeka katika ile sehemu ya mwisho. Alisema ujumbe wa namna hiyo ni wa hatari, kwa kuwa unamfanya hakimu aonekane mtu mwoga anayechelewesha mambo na askari aonekane ndiye peke yake mwenye kutoa haki.

Namwelewa mtazamaji anayepiga makofi. Mahakama za ngazi ya chini za India zina mashauri zaidi ya milioni 40 yanayosubiri, na mtu ambaye kesi ya shamba lake imeahirishwa tangu enzi za babu yake hana subira ya kuambiwa kuhusu utaratibu. Lakini kuna kanuni moja ya kale ambayo ningependa uiweke mezani. Kifungu cha 25 cha Sheria ya Ushahidi ya India ya mwaka 1872 kilisema kwamba maungamo aliyoyatoa mtu mbele ya afisa wa polisi hayawezi kutumika dhidi yake mahakamani, na kanuni hiyo imebebwa hadi kwenye sheria mpya iliyoanza kutumika Julai 2024. Waingereza walioitunga walikuwa wanatawala India kwa kutumia polisi hao hao, na bado hawakuwaamini. Sheria hiyo, kwa taarifa yako, ndiyo iliyotumika Tanganyika pia hadi tulipotunga yetu mwaka 1967, kwa hiyo si jambo la mbali kama linavyoonekana. Filamu inamtaka mtazamaji aamini kwamba mashaka hayo ya tangu karne ya kumi na tisa hayamhusu afande akiwa ni mtu mwema.

Hapo ndipo ninapoachana na Singham, ingawa naipenda. Mtu aliyeanza kwa kusema kwamba sahihi lazima iwe ya mwenyewe, kwamba karatasi ya mahakama haichezewi, anamaliza akiwa na maiti kituoni, maiti ambayo lazima itafutiwe maelezo. Yale maelezo yataandikwa na nani, kwa kalamu ipi? Na konstebo aliyeyaandika, mwaka ujao akiletewa mtoto wa jirani yako anayetuhumiwa kuiba simu, atakuwa amejifunza nini? Ajay Devgn mwenyewe, miaka minane kabla, katika Gangaajal ya Prakash Jha, aliigiza kamanda wa wilaya katika jimbo la Bihar ambaye askari wake wanawamwagia wahalifu tindikali machoni na wananchi wanashangilia, naye anabaki karibu peke yake akisema hapana. Filamu ile ilichota kutoka kwenye mambo yaliyotokea kweli Bhagalpur mwaka 1979 na 1980, ambako polisi waliwapofusha mahabusu zaidi ya 30. Wengi wao walikuwa bado hawajahukumiwa.

Kama mnataka kuendelea na ubishi wenu, tafuteni Ardh Satya ya mwaka 1983, iliyoongozwa na Govind Nihalani. Haina gari linalopaa, na steringi wake, Om Puri, ana uso uliochimbwa na ndui ambao hamtausahau. Yeye ni Anant Velankar, afisa mdogo wa polisi wa Mumbai aliyetaka kuendelea na chuo lakini baba yake, konstebo mstaafu, akamlazimisha avae sare. Kila anapomgusa Rama Shetty, bwana wa uhalifu anayejiandaa kuingia kwenye siasa, simu inapigwa kutoka juu. Hasira inamrudia nyumbani, kwenye chupa, na mwishowe kwa mwizi mdogo aliyeko mahabusu, ambaye anampiga mpaka anakufa. Ili ajinusuru analazimika kwenda kwa Shetty yule yule kuomba msaada, na Shetty, akiwa ameketi kwa raha zake, anamweleza bei. Velankar anamkaba mpaka anakata roho. Kisha anatoka, anakwenda kituoni kwa miguu yake mwenyewe, na mbele ya askari wenzake anasema kwamba ameua na kwamba amekuja kujisalimisha.